Jasho la Nani? Lutindi, Irente na Malezi ya Walemavu katika Milima ya Usambara

Azimio la Arusha, lililotangazwa mwezi Februari 1967, lilipoeleza kwamba katika nchi ya kijamaa kila mtu aishi kwa jasho lake, liliwatoa watu wa namna chache katika sharti hilo: watoto wadogo, wazee wasiojiweza, vilema, na wale ambao Dola yenyewe kwa wakati fulani imeshindwa kuwapatia kazi. Hao walihesabiwa kuwa na haki ya kuishi kwa jasho la wenzao. Kifungu hicho ni cha huruma, na katika miaka ile si serikali nyingi za Afrika zilizothubutu kuliandika jambo hilo waziwazi. Lakini mtu akikisoma huku akiyafikiria yaliyokwisha kutendeka katika milima ya Usambara, huruma hiyo huingiwa na doa. Katika milima hiyo, watu waliopewa ruhusa ya kutotoa jasho walikuwa wamekwisha kulitoa kwa zaidi ya miaka sitini, tena katika mashamba yasiyokuwa yao, na aliyewaagiza kulitoa aliwaambia kwamba hiyo ndiyo dawa.

Habari yenyewe yaanzia Lutindi, pande za Korogwe. Mwaka 1896 jumuiya moja ya Kiprotestanti ya Ujerumani ilijenga huko nyumba ya kuwalea watoto waliokombolewa utumwani. Sisi wa pwani na visiwani tuna sababu ya kuikumbuka nyumba hiyo, maana utumwa uliozaa watoto hao ulipita katika bandari zetu. Alipofariki Kimweri ye Nyumbai, mtawala mkuu wa Wasambaa, katika miaka ya 1860, wanawe na wajukuu walipigana wao kwa wao kwa muda wa miaka mingi, na mateka wa vita hivyo wakateremshwa bondeni na kuuzwa Pangani na Tanga. Wasambaa waliupa wakati huo jina la Pato. Nadhani hapana haja ya kulifasiri neno hilo kwa msomaji wa Kiswahili. Uchungu wake umo ndani yake lenyewe.

Biashara hiyo ilipofifia, Lutindi ikabadilishwa kazi. Mwaka 1904 ikawa makao ya wagonjwa wa akili, na hadi leo hutajwa kuwa ndiyo hospitali ya kwanza ya namna hiyo katika Afrika ya Mashariki. Mirembe ya Dodoma haikufunguliwa mpaka mwaka 1927. Kwa hiyo kwa zaidi ya miaka ishirini, mwendawazimu aliyeshindikana nyumbani, awe ametoka bara au pwani, yamkini angepandishwa mlimani, akawekwa mahali penye ukungu na baridi, miongoni mwa watu wasemao lugha asiyoijua. Tukumbuke pia kile alichokuwa ameachana nacho. Katika miji yetu mtu wa aina hiyo, akiwa mkali, aghalabu alifungwa pingu katika chumba cha uani. Akiwa mpole aliachwa azurure, akalishwa na mtaa mzima, na watoto wakamfuata kwa kelele. Sitaki kulipamba jambo hilo. Kulishwa na mtaa ni wema, lakini hakumzuii mtu kupigwa mawe.

Fikra iliyotawala Lutindi ilitoka mbali. Misheni iliyofanya kazi Usambara ilifungamana na Bethel, mji wa huduma ulio karibu na Bielefeld huko Ujerumani, ulioanzishwa mwaka 1867 kwa ajili ya watu wenye kifafa. Tangu mwaka 1872 mji huo uliongozwa na mchungaji Friedrich von Bodelschwingh, aliyefariki mwaka 1910, naye alikuwa na imani moja kubwa: mtu aliyelemewa na ugonjwa au umaskini asilazwe tu na kulishwa, bali apewe kazi inayolingana na nguvu zake. Alipofungua makazi ya watu wasio na ajira mwaka 1882, wito wake ulikuwa kazi badala ya sadaka.

Maneno hayo matatu yakigeuzwa kwa Kiswahili yanagongana mara moja na desturi ya pwani. Kwetu sadaka haikuwa kinyume cha kazi. Ilikuwa haki ya anayepokea na faradhi ya anayetoa, na kipofu aliyeketi mlangoni pa msikiti siku ya Ijumaa hakuwa mvivu mbele ya macho ya watu. Alikuwa akiwapa nafasi ya kupata thawabu. Tena alikuwapo kipofu mwingine, yule aliyehifadhi Kurani yote kifuani, akawasomesha wenye macho. Waislamu wanamkumbuka Abdullah bin Umm Maktum, sahaba asiyeona aliyekuwa mwadhini wa Mtume, ambaye kwa ajili yake iliteremka Sura ya Abasa. Basi hapakuwa na njia moja tu ya kumtazama mlemavu, hata kabla Mjerumani hajakanyaga Pangani.

Walakini tusilidharau wazo la Bodelschwingh kwa haraka. Mgonjwa aliyepandishwa Lutindi alishika jembe, akalisha ng'ombe, akaota jua la asubuhi, akala alichokipanda. Kwa mtu aliyekuwa amefungwa uani, hayo yalikuwa maisha. Katika zama ambazo hapakuwa na dawa yoyote ya maradhi ya akili yenye kufaa, kwa kuwa dawa hizo zilikuja katika miaka ya 1950, kazi na utaratibu wa siku vilikuwa karibu kila kitu ambacho hospitali iliweza kutoa.

Taabu ni mahali na wakati. Lushoto, ambayo Wajerumani waliiita Wilhelmsthal, ilikuwa wilaya ya walowezi, na walowezi walitaka vibarua. Katika miaka ya mwisho ya utawala huo wenyeji wa wilaya walipewa kadi za kazi, ambazo zilimlazimisha mtu mzima kumtumikia Mzungu kwa idadi maalumu ya siku kabla ya kurudi kwenye migomba yake. Huko nje, basi, mwenye akili timamu alilazimishwa kulima shamba la mwingine, na jambo hilo likaitwa ustaarabu. Huko ndani, aliyepungukiwa na akili alilima pia, na jambo hilo likaitwa tiba. Ni nani angeweza kuonyesha mpaka baina ya haya mawili? Swali hilo halina jibu jepesi, na wale walioandika ripoti za misheni hawakuwa na haja ya kujiuliza.

Kisha vikaja vita, na kila vita viliiondoa mikono iliyokuwa ikiendesha huduma hizo. Majeshi ya Uingereza yaliingia Usambara mwaka 1916. Baada ya vita wamisionari wa Kijerumani walifukuzwa nchini, wasiruhusiwe kurejea mpaka katikati ya miaka ya 1920. Hawakukaa sana. Septemba 1939 vita vikaanza tena, na Wajerumani wa Tanganyika wakatiwa kizuizini. Kazi zao zikaangukia mikononi mwa misheni ya Augustana, Walutheri wa Marekani wenye asili ya Uswidi, waliokuwa wachache mno kwa eneo lote waliloachiwa. Katika historia za kanisa sura hii huandikwa kama habari ya misheni yatima na wafadhili waliojitokeza kuiokoa. Lakini mtu akitazama ramani ya milima, na kuhesabu siku ambazo mgeni mmoja angehitaji kutoka Mtae hadi Bumbuli, kutoka Bumbuli hadi Vuga, na kuteremka hadi Korogwe, ataona kwamba hakuna aliyeweza kuwa kila mahali. Kengele za asubuhi zilipigwa na mtu fulani. Uji ulipikwa. Mgonjwa wa kifafa aliyeanguka njiani aliinuliwa, akafutwa mate, akarudishwa kitandani. Hayo yalifanywa na wauguzi, walimu na wachungaji wa Kisambaa, na yalifanywa na wagonjwa wenyewe kwa wenyewe, wale wenye nafuu wakiwatazama waliozidiwa. Majina yao hayakupata mwandishi.

Na huko Bethel kwenyewe, chimbuko la fikra hizo, mambo yaligeuka kwa namna ambayo yafaa tuijue sisi tuliofundishwa kwamba ulezi wa walemavu ni zawadi ya Ulaya. Sheria iliyopitishwa Ujerumani mwezi Julai 1933 iliruhusu watu wenye kifafa, maradhi fulani ya akili, upofu au uziwi wa kurithi wafanyiwe upasuaji wa kuwatia utasa bila hiari yao, na Bethel ilitii; zaidi ya watu elfu moja walikatwa huko. Kati ya mwaka 1940 na 1941 dola ya Hitler iliwaua kwa gesi wagonjwa na walemavu zaidi ya 70,000. Uongozi wa Bethel, chini ya mwana wa Bodelschwingh, ulipinga mauaji hayo na kuwakinga wengi, lakini wagonjwa wake wa Kiyahudi waliohamishwa mwaka 1940 hawakuokoka. Mtu mwenye kifafa aliyekuwa akilima Lutindi mwaka ule, chini ya serikali ya kikoloni isiyomjali sana, alikuwa salama kuliko ndugu yake wa maradhi aliyezaliwa kando ya nyumba mama. Historia ina mizaha mizito.

Vita vilipokwisha mwaka 1945, yakaja maneno mapya. Shaaban Robert, mwana wa Vibambani kule Tanga, alikuwa amevitungia vita hivyo utenzi mrefu, nao ulichapishwa baada ya kufa kwake. Askari waliorejea kutoka Burma na Uhabeshi walikuta serikali imeanza kuzungumza juu ya ustawi wa jamii. Idara iliyobeba jina hilo katika Tanganyika ilianzia hapo, katika haja ya kuwatuliza na kuwapa pa kukaa watu waliokuwa wamejifunza kushika bunduki. Majumba ya ustawi yalijengwa mijini kwa ajili yao kwanza kabisa. Mlemavu wa kijijini, asiyekuwa na bunduki wala medali, hakuwamo katika mawazo ya waliochora mpango huo.

Usambara ilipata sehemu yake ya maneno hayo mapya kwa njia ya ajabu. Mwaka 1946 Waingereza walianzisha katika bonde la Mlalo mpango mkubwa wa kurekebisha ardhi iliyochakaa. Neno walilolitumia kwa Kiingereza ndilo lile lile ambalo madaktari wa baada ya vita walikuwa wakilitumia kwa askari aliyekatwa mguu: kumrudisha mtu katika hali ya kujitegemea. Mlalo lilitumiwa kwa udongo. Watu waliamriwa kuchimba matuta katika miteremko, na waliokaidi walitozwa faini. Mzigo uliwaangukia zaidi wanawake, ambao ndio waliolima. Mwaka 1950 mpango ukatandazwa katika Usambara nzima. Chuki iliyotokana nao ikaipatia TANU wafuasi wengi, na kufikia mwaka 1957 ukawa umekufa. Wasambaa wenyewe walikuwa na lugha yao ya zamani kuhusu mambo haya. Walisema kuzifya shi, kuiponya nchi, na kubana shi, kuiharibu, na walimpima mtawala kwa hayo mawili. Nchi kwao ilikuwa na afya kama mwili ulivyo na afya. Serikali iliyokuja na nia ya kuuponya udongo kwa kuichosha migongo ya wanawake haikuwafahamu hata kidogo, ijapokuwa pande zote mbili, pasipo kujua, zilisema kitu kimoja.

Kwa wasioona mambo yalianza kubadilika kutoka upande mwingine. John Wilson, Mwingereza aliyepoteza macho akiwa mvulana wa miaka 12 kwa mlipuko wa maabara shuleni, alizunguka Afrika mara tu baada ya vita, akarudi na habari za upofu ambao sehemu kubwa ungeweza kuzuiwa. Mwaka 1950 akaanzisha chama cha kuwahudumia vipofu wa himaya ya Uingereza, na mwaka huo huo shule ya kwanza ya wasioona katika Tanganyika ikafunguliwa Buigiri, karibu na Dodoma, chini ya kanisa la Anglikana. Surua, upungufu wa vitamini A na trakoma ndivyo vilivyowajaza watoto katika shule hizo. Chanjo ya surua ilikuwa bado.

Baada ya Uhuru, Wakatoliki walifungua Furaha, Tabora, mwaka 1962, na Walutheri wakafungua shule ya Irente, nje kidogo ya mji wa Lushoto, mwaka 1963. Ni mwaka ule ule ambapo makanisa ya Kilutheri yaliungana, tarehe 19 Juni, kuwa Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanganyika. Irente imejengwa juu ya ukingo wa mlima. Hatua chache kutoka hapo ardhi inakatika ghafla na nyika ya Mazinde inaonekana chini sana. Watalii huenda kuitazama mandhari hiyo. Naona ni jambo la kuvutia kwamba mahali panaposifiwa kwa macho kuliko pote katika wilaya, ndipo palipochaguliwa kuwafundisha wasioona kusoma.

Na walichofundishwa kwastahili kuelezwa, hasa mbele ya wapenzi wa ushairi. Maandishi ya Louis Braille, Mfaransa aliyefariki mwaka 1852, yamejengwa kwa nukta sita zinazopangwa safu mbili. Waingereza, kwa kuwa tahajia yao ni ndefu na haifuati sauti, wamebuni vifupisho vingi ambavyo mwanafunzi lazima avikariri. Kiswahili hakina shida hiyo. Kila herufi ina umbo lake, kila sauti huandikwa kama inavyotamkwa, na mtoto aliyezijua herufi zote ameyajua maandishi yote. Tena silabi zetu karibu zote huishia kwa irabu, na irabu ni tano tu. Herufi a ni nukta moja pekee, ya juu kushoto. Herufi i ni nukta mbili za mshazari. Herufi o ni tatu. Sasa mwazie mtoto wa Kisambaa aliyewekewa mbele yake shairi la kina cha -a: kila kidole kinapofika mwisho wa kipande kinakutana na nukta ile ile moja, pweke, mahali pale pale. Sisi tunakisikia kina kwa sikio na kukiona kwa jicho. Yeye anakigusa. Sijui kama kuna msomaji wa mizani na vina aliye karibu na shairi kuliko huyo.

Ila kitabu chake ni kizito. Karatasi za nukta ni nene, na kitabu kimoja cha kawaida huzaa majuzuu kadhaa, yanayojaza rafu nzima. Mtoto aliyejifunza kusoma Irente alirudi likizo kijijini kwao pasipo kitabu, na kama alitoka Mlalo au Mtae, alirudi pia kwenye njia za miteremko ambako wenye macho huteleza. Hapo ndipo penye upungufu wa shule za bweni. Zilimpa mtoto herufi, zikamtoa katika nyumba yake. Zikampa wenzake, zikawazoesha majirani kumwona kuwa ni wa kanisa. Uhuru Mchanganyiko ya Dar es Salaam ilijaribu njia nyingine, ya kuwakalisha wenye ulemavu na wasio na ulemavu darasa moja, na jina la shule hiyo linajieleza lenyewe. Lakini mchanganyiko wahitaji barabara. Usambara, mtoto asiyeweza kutembea alibebwa mgongoni na mama hadi alipokuwa mzito mno, na baada ya hapo alikaa nyumbani. Baiskeli ya magurudumu matatu, inayomfaa mlemavu wa Tanga mjini, ni chuma tu huko juu.

Sasa turudi kwenye kifungu cha Azimio. Mwaka 1967 Irente ilikuwa na umri wa miaka minne na Lutindi miaka sitini na mitatu. Katika sehemu zote mbili mlemavu alikuwa akifundishwa kwamba anaweza kufanya kazi, na hilo ndilo lililokuwa fahari ya sehemu hizo. Taifa likamwambia kwamba hapaswi. Aliwekwa fungu moja na mtoto mchanga na mzee aliyekwisha nguvu. Huenda waandishi wa Azimio walikusudia kumkinga dhidi ya kuitwa mnyonyaji, neno lililokuwa kali kuliko yote katika miaka ile. Lakini mtu akikingwa sana hupotea machoni. Wasioona walikuwa wameshalihisi hilo mapema: chama chao cha kitaifa, kinachojulikana leo kama Chama cha Wasioona Tanzania, kilianzishwa mwaka 1964, miaka mitatu kabla ya Azimio, na waliokianzisha hawakudai walishwe.

Hata lugha ilikuwa imeshiriki katika jambo hili. Kipofu, kiziwi, kiwete, kilema, kibyongo: wote hao Kiswahili kimewatia katika ngeli ya kiti na kisu. Wapo wanaosema kwamba hiyo ni dharau iliyofichwa katika sarufi. Mimi sina hakika, maana kijana na kiongozi nao wamo humo humo. Na tazama sentensi inavyokwenda: twasema kipofu amekuja, hatusemi kimekuja. Jina linamweka pamoja na vitu, kitenzi kinamrudisha kwa watu. Hata hivyo wenyewe walichoka kungojea kitenzi. Wakataka waitwe wasioona, na baadaye watu wenye ulemavu, ili utu utangulie na ulemavu ufuate. Maneno hayo ni marefu na hayakai vizuri katika mizani nane. Washairi itatubidi tujizoeze.

Vita vya tatu vilikuwa vyetu wenyewe. Mapigano na majeshi ya Idi Amin, mwaka 1978 na 1979, yaliacha majeruhi na hazina tupu. Umoja wa Mataifa ulipouteua mwaka 1981 kuwa mwaka wa kimataifa wa walemavu, Tanzania ilikuwa katika dhiki ya sabuni, sukari na mafuta ya taa. Katika hali hiyo Chama cha Walemavu Tanzania, CHAWATA, kilizaliwa mwaka huo huo, na mwaka uliofuata Bunge likapitisha sheria mbili: moja ya ajira, iliyowataka waajiri wakubwa wenye watumishi kuanzia 50 kutenga nafasi mbili katika kila mia kwa walemavu; na moja ya matunzo, iliyogawa wajibu wa kumtunza mlemavu baina ya familia, serikali za mitaa, serikali kuu na mashirika ya hiari. Sheria hiyo ya pili ilisifiwa kuwa ya kiutu. Mimi naiona pia kuwa ni ungamo. Dola iliyoahidi jasho la wote kwa ajili ya wasiojiweza ilikuwa ikiurudisha mzigo kwa mtu aliyekuwa nao tangu mwanzo.

Na mtu huyo ni mwanamke. Wanaume wa Usambara wameteremka kutafuta kazi kwa vizazi vingi, kwanza katika mkonge wa Korogwe na Muheza, kisha Tanga na Dar es Salaam, kwa sababu mashamba ya mlimani yamegawanywa hata yamebaki vipande. Anayebaki juu ndiye anayelima, anayekata kuni, na anayemlisha mtoto ambaye ana miaka kumi na mmoja lakini hajaweza kushika kijiko. Huduma ya jamii, tunapoliandika neno hilo kwa kalamu, ni yeye. Lutindi inapomruhusu mgonjwa aende kwao na vidonge vya mwezi mmoja, anayevihesabu ni yeye, na anayekesha mvua inapokata njia na vidonge vimekwisha ni yeye. Hakuna vita vilivyomwondoa huyu, wala hakuna ripoti iliyomtaja isipokuwa kwa neno moja: familia.

Hatua za karibuni zimekuwa nyingi, nami nazipita upesi. Huku visiwani Umoja wa Watu Wenye Ulemavu Zanzibar ulianza mwaka 1985 na ukaongozwa na wenye ulemavu wenyewe. Zanzibar ikawa na sheria yake ya haki mwaka 2006, miaka minne kabla ya Bara. Irente, mwaka 2005, dayosisi ilifungua shule ya watoto wenye ulemavu wa akili na usonji, watoto ambao kabla ya hapo hata Irente haikuwa na nafasi kwa ajili yao. Mwaka 2007, Magamba, juu ya Lushoto, kikaanzishwa chuo kikuu kilichopewa jina la Askofu Sebastian Kolowa, na elimu ya watu wenye mahitaji maalumu ikawa ndiyo taaluma yake ya kwanza: walimu waliosomea hapo walikwenda mikoa mingi. Tanzania iliridhia mkataba wa Umoja wa Mataifa mwaka 2009, na sheria namba 9 ya mwaka 2010 ikapandisha hesabu ya ajira hadi tatu katika kila mia, kwa kila mwajiri wa watu 20 au zaidi.

Hesabu hiyo ni njema kwa Dar es Salaam. Usambara watu wengi hawana mwajiri. Wana kipande cha mteremko chenye mahindi, maharage na migomba michache, na hapo ndipo mlemavu naye anapotafuta nafasi yake, bila asilimia. Lutindi ingali hospitali ya magonjwa ya akili hadi leo. Wagonjwa wake wangali na mashamba na karakana, na wangali wakichuma chai, jani baada ya jani, na kuiweka kapuni.